Jezi Juu ya Paa la Hermelinda

Hakuna mtu San Bartolo aliyekuwa akiuliza kama kesho kuna mechi. Aliyetaka kujua aliinua macho tu kuelekea paa la doña Hermelinda Barragán, pale barabara kuu inapopinda, chini ya dohani la kiwanda cha sukari ambalo halitoi moshi tena. Jumamosi mchana zikionekana jezi za kijani kwenye kamba, na ile ya njano ya kipa mwisho kabisa karibu na tangi la maji, basi kesho Wakata-miwa wanacheza nyumbani. Zisipoonekana, timu imesafiri, au uwanja umejaa maji. Hata walevi ambao hawakumbuki walioa lini walikuwa wakitoka mlangoni mwa baa, wanatazama juu, wanarudi ndani wamekwisha kujua kesho ni nini.

Madereva wa mabasi yanayoshuka kutoka kaskazini nao walizijua. Wakiziona walipiga honi mara mbili. Na Hermelinda, hata kama mikono ilikuwa na povu mpaka kwenye viwiko, aliacha kila kitu akaenda ukingoni mwa paa kutazama chini. Watu walidhani anawasalimu madereva. Alikuwa anatazama nani anashuka.

Mumewe, Fidencio, alikuwa mkata miwa wa kweli, wa panga na masizi, na alikufa kwa kifua, kwa kuvuta moshi wa mashamba yaliyochomwa. Kiwanda kilimwonea huruma mjane kikampa kazi ya kufua jezi, maana siku hizo timu ilikuwa mali ya kiwanda, na sabuni ilitoka hukohuko kwa magunia. Baadaye kiwanda kikafungwa. King'ora kilichokuwa kikiwaamsha watu alfajiri kikanyamaza, na kwa muda mrefu wanaume wa San Bartolo waliendelea kuamka saa ileile, wanakaa kitandani miguu chini, hawana pa kwenda. Timu ikabaki mjini kama paka anayeachwa na wapangaji waliohama. Hakuna aliyeitaka, hakuna aliyeweza kuifukuza, na kila nyumba iliitupia mfupa. Hermelinda akaendelea kufua. Sabuni alijitafutia mwenyewe.

Alikuwa na mtoto mmoja, Nabor. Naye alivaa kijani, namba kumi na nne, na namba kumi na nne San Bartolo ni namba ya kukaa benchi. Alikuwa na mbio kama sungura, ila mpira alikuwa akiuacha nyuma. "Nabor amefika!" walikuwa wakimcheka jukwaani. "Sasa tuusubiri mpira!" Yeye naye alicheka. Alikuwa mtu wa kucheka.

Miwa ilipokuwa haina tena pa kusagwa, akaamua kwenda kaskazini, kuvuka mpaka, kama walivyovuka wenzake. Asubuhi ile kituoni mama yake alimuuliza swali moja tu.

"Utarudi lini?"

"Wakata-miwa wakipanda ligi mpaka daraja la chini ya lile kubwa, mama, siku hiyohiyo niko hapa. Hata kama nimeoa Mmarekani!"

Kituo kizima kikaangua kicheko, kwa sababu Jumapili iliyotangulia Wakata-miwa walikuwa wamefungwa saba na timu ya askari magereza. Walikuwa kwenye daraja la mwisho, lile ambalo chini yake hakuna kitu ila nyasi. Hermelinda naye alicheka. Basi likaondoka watu wanacheka.

Nabor alipiga simu miaka michache. Anaezeka mapaa, baridi ni kali, chakula cha huko hakina pilipili. Halafu simu zikapungua kama mvua za mwisho. Halafu ile namba ikawa inalia bila kupokelewa, kisha ikawa sauti ya mashine, kisha haikulia kabisa. Hermelinda alipeleka picha ya Nabor kwenye ofisi ya kutafuta waliopotea, akakuta kuta zimejaa nyuso za watoto wa wenzake. Aliambiwa asubiri. Kusubiri kulikuwa kazi yake tayari.

Mtu akipotea, anayebaki hutafuta pa kujishikiza. Wengine hushika kaburi tupu, wengine hushika chupa. Hermelinda alishika lile neno la utani la kituoni. Aliligeuza kichwani akalitazama pande zote, akaona kwamba, utani au si utani, ni ahadi pekee aliyoachiwa. Kumbe basi mwanawe hakupotea. Anangoja timu ipande.

Ndipo akaja Injinia Urrutia. Alikuwa mtu wa mji mkubwa, mwenye viatu vya ncha na kampuni ya mabomba, akanunua ile nafasi ya timu kwenye ligi. Maana kwetu nafasi ya timu ina mwenyewe, na huuzwa kama ng'ombe anavyouzwa, na kamba yake shingoni. Wakati ule hakuna aliyelifikiria hilo. Waliona mipira mipya, wakaona mshambuliaji kutoka Veracruz mwenye mapaja kama magogo, wakapiga makofi.

Mwezi wa kwanza wa mwaka huo, siku ya Wafalme watatu wa Mashariki, siku ya kukata mkate wao, Hermelinda alikuwa nyumbani kwa komadre wake Chona, mama wa ubatizo wa Nabor, yule anayeuza tamali, donge za unga wa mahindi zilizofungwa majanini, mlangoni mwa uwanja. Kila mtu akachukua kipande chake. Hermelinda akauma, akashika shavu.

"Jino langu!"

"Si jino, ni mwanasesere!" Chona akapiga mapaja. "Amekuangukia wewe, komadre! Toa mdomoni tumwone, usije ukammeza ukakwepa gharama!"

Anayemkuta mwanasesere ndani ya mkate ndiye anayemvisha Mtoto Mtakatifu wa nyumba hiyo, sanamu ya Yesu mchanga, siku ya Mishumaa, mwezi wa pili, tena miaka mitatu mfululizo. Mwaka wa tatu Mtoto hukalishwa kwenye kiti chake kidogo, na baada ya hapo havuliwi tena nguo. Mtoto wa Chona alikuwa wa plasta, urefu wa mkono mpaka kiwiko, pua imemeguka kidogo.

"Mvishe daktari," Chona alisema. "Mwaka huu wengi wanamvisha daktari."

"Nitamvisha Mkata-miwa."

"Ee! Padri atakasirika."

"Padri ni shabiki wa timu ya mji mkuu. Hicho ndicho kitakachomkasirisha."

Alirudi nyumbani, akafungua sanduku, akatoa jezi ya Nabor. Aliikata mwenyewe, kwa mkasi wa kukatia kamba, bila kulia, maana ukilia mkasi unakwenda upande. Akashona kijezi cha Mtoto kwa kitambaa cha mgongoni. Namba haikutosha. Kilibaki kipande cha ile moja, mstari mweupe tu kwenye kijimgongo cha plasta. Siku ya Mishumaa alimbeba kanisani katikati ya Watoto madaktari na Watoto malaika, na wakati wa baraka akamnong'oneza sikioni. Hermelinda hakuwa mtu wa maombi marefu. Aliona aibu kumsumbua Mungu kwa maelezo. Alisema: "Wapandishe." Akanyamaza.

Mwezi wa tano wakapanda.

Mwaka wa pili akamfulia Mtoto kijezi, akakipiga pasi, akambeba tena, akasema neno lilelile. Wakapanda tena. San Bartolo ikaanza kuchanganyikiwa. Don Quirino, mzee wa ngoma kubwa, aliyekuwa akipiga ngoma ile kwa kushindwa miaka yote, akasema mikono yake haijui mapigo ya kushinda, itabidi ajifunze upya na uzee huu. Timu zilikuja na mabasi yenye viyoyozi, wachezaji wanashuka wanaziba pua kwa harufu ya mto. Zikaondoka zimefungwa.

Na kila mechi Hermelinda alikaa mahali palepale, safu ya chini karibu na lango, ila alikaa amegeuza mgongo kwa uwanja. Alitazama lango.

"Doña Hermelinda!" walimtania. "Mpira uko huku!"

"Mpira naujua. Ni wa duara."

"Basi kwa nini unalipa kiingilio?"

"Nani kakwambia nalipa?"

Wakacheka, wakamwacha. Wakubwa walikuwa wanajua anamtazamia nani, wakawakanyaga miguu wale wasiojua.

Mwaka wa tatu Mtoto alikalishwa kwenye kiti. Chona alipika tamali za kutosha mtaa mzima, wakanywa na uji mzito wa mahindi, na Mtoto alikaa pale mezani na jezi yake ya kijani, vidole viwili juu, kama anayeomba mabadiliko ya mchezaji. Hermelinda akasema neno lake kwa mara ya tatu.

Fainali ya mwezi wa tano iliishia kwenye penalti. Hermelinda hakuona hata moja. Alizisikia: ngoma inanyamaza, kiatu kinagonga, watu wanapumua. Ya mwisho ilipogonga wavu, na Wakata-miwa wakawa wamefika daraja lile la ahadi, wote waliokuwa nje ya uwanja, wauza karanga, wezi wa kuruka ukuta, askari wa trafiki, waliingia langoni wakikimbia, na yeye akasimama juu ya benchi akawa anatazama nyuso moja moja zikipita. Huyu ni mtoto wa mwokaji mikate. Huyu simjui lakini ni mrefu mno. Huyu ana kovu, hapana. Wachezaji wakaja wakamtoa mawazoni, wakamtupia jezi zao zenye tope kichwani kama watu wanaomtupia bibi harusi maua. Alizikumbatia zote. Zilikuwa nzito kwa jasho, na akaendelea kutazama lango juu ya ule mzigo mpaka lango lilipobaki tupu.

"Habari haijafika huko," alimwambia Chona wakirudi. "Redio za huko zinasema mambo ya huko."

"Itafika, komadre."

"Ligi inaanza mwezi wa saba. Atakuja kwa mechi ya kwanza."

 Chona alikuwa amebeba sufuria tupu, akaihamisha kichwani upande wa pili.

Mwezi wa sita wakaja watu wawili wa ligi na futi ya kupimia. Walipima uwanja, wakahesabu safu, wakapiga picha vyoo wakitikisa vichwa. Wakasema kwa daraja lile viti vinatakiwa mara tatu ya vilivyopo, na taa, na chumba cha waandishi. San Bartolo haikulia. Ilipiga kengele ya kanisa. Kila Jumapili baada ya misa watu walitoka kwa kazi ya pamoja kama wanavyosafisha mfereji: wakabomoa ukuta ulioanguka wa kiwanda, wakabeba matofali kwa mikokoteni, wakajenga jukwaa jipya upande wa mto. Hermelinda alibeba maji ya kuchanganyia saruji, kwenye ndoo zilezile za kufulia. Quirino alibeba tofali mojamoja, anapumzika kila baada ya hatua chache, anasema: "Hili nitalikalia mwenyewe. Asikalie mtu mwingine." Jukwaa likafika nusu.

Likafika nusu, ndipo lori likaja. Ilikuwa Jumanne asubuhi, watu wengi mashambani. Vijana wasiojulikana wakaanza kupakia nyavu, mipira, kitanda cha kukandia misuli. Hermelinda alishuka kutoka paa lake mikono inadondosha maji, akamkuta Injinia amesimama kivulini, simu sikioni. Akangoja amalize.

"Injinia, nasikia mnahama."

"Si kuhama, doña Hermelinda. Ni kukua. Kuna mji kule jangwani una uwanja mzuri, taa, kila kitu. Timu imekuwa kubwa, hapa ni padogo." Akamgusa bega, kwa upole kabisa. "Wewe ni mama. Mtoto akikua, anakaa kwa mama?"

 Neno lile lilikuwa limempata Hermelinda mahali ambapo Injinia hakujua kwamba pana kidonda.

"Na akitokea mtu anaitafuta timu?" alisema mwishowe.

"Mtu gani?"

"Mtu yeyote. Amekuja kutoka mbali."

"Ataikuta kwenye simu. Siku hizi kila kitu kiko kwenye simu."

"Na jezi? Ziko kwenye maji."

"Kaa nazo, mama. Kule tutavaa buluu. Na jina pia... Nge, nadhani. Nge wa kitu fulani."

Lori likaondoka kwa barabara ileile ya kaskazini. Lile jukwaa la nusu likabaki linatazama mto.

Chona alikuja jioni. Walikaa jikoni, kati yao sahani ya maharage ambayo hakuna aliyeigusa.

"Nimefikiri sana," Chona alisema. "Usinikasirikie, komadre. Wewe uliomba nusu."

"Nusu vipi?"

"Ulisema wapande. Hukusema wapande wabaki hapa. Yule ni mtoto! Mtoto ukimwambia lete maji, anakuletea maji mkononi. Lazima umwambie na kikombe."

"Nilidhani anajua."

"Amekaa kwenye kiti sasa. Hatumvui tena, lakini kuomba unaweza. Muombe awarudishe."

Hermelinda alitikisa kichwa. "Alinipa nilichoomba, mara tatu. Nitamrudia niseme nini? Kwamba sikukipenda?"

Mwezi wa saba ukafika. Ile Jumamosi ambayo mechi ya kwanza ingekuwa kesho yake, Hermelinda aliamka, akapanda paani, akazitoa jezi kwenye karai. Zilikuwa safi tangu zamani, lakini alizifua tena. Akazianika kwa mpangilio wake, ya kipa mwisho karibu na tangi. Hakuwa na nia ya kumdanganya mtu. Alifikiri tu hivi: kama habari ya kupanda imefika kaskazini, habari ya kuhama haijafika, maana mabaya ya San Bartolo hayatangazwi redioni. Basi mtu anaweza kuwa ndani ya basi leo. Akipita akaona kamba tupu, ataendelea mbele.

Mabasi yakapita. Madereva wakaona kijani, wakapiga honi mara mbili, wamefurahi. Kila honi ilimpeleka ukingoni. Alishuka mwalimu. Alishuka mwanamke na kuku. Basi la mwisho la mchana halikushusha mtu.

Kesho yake, baada ya misa, alisikia ngoma.

Alitazama kutoka paani, akaona barabara imejaa watu. Walikuwa wanakwenda uwanjani, nguo za kijani, mito ya kukalia kwapani, watoto mabegani. Walikuwa wameona paa. Mmoja alimwambia mwenzake kwamba Injinia ameghairi, mwenzake akaongeza kwamba ligi imewakatalia kuhama, na habari ilipofika kwa mwokaji timu ilikuwa imerudi na mshambuliaji mpya. Maana miaka yote paa la Hermelinda halikuwahi kusema uongo. Chona tu ndiye aliyetilia shaka moyoni, naye pia alikuwa amepika masufuria mawili.

Lango lilikuwa na kufuli. Watu walilitikisa. Wa nyuma wakasukuma wa mbele, wakidhani foleni. Halafu kikaja kile kimya cha watu kuelewa mmojammoja, na hakuna aliyemtazama mwenzake usoni, kwa aibu ya kuwa ameamini. Mwanamume mmoja alilitupia lango mto wake wa kukalia. Wengine walikaa chini pale pale ukutani, wakala tamali za Chona, kwa kuwa zilikuwa moto na zingeharibika. Baadaye wakaondoka kwa njia za vichochoroni, wasipite chini ya lile paa.

Quirino ndiye aliyepita. Alipanda ngazi polepole, ngoma ameiacha chini, akakaa juu ya ndoo iliyogeuzwa.

"Hermelinda, dada yangu. Zishushe."

"Sikuwaita mimi."

"Najua. Lakini zikiwa pale juu, sisi tutakuja. Hata kesho kutwa, hata tukijua. Ndivyo tulivyo. Usitufanyie tena."

Alipapasa magoti. Kisha akasema lile ambalo mji mzima ulikuwa umelimeza miaka yote, akalisema chini kabisa, kama anayemchomoa mtu mwiba:

"Ule ulikuwa utani tu. Alilisema lile kwa sababu alijua hawawezi kupanda."

"Hata mimi nilijua," Hermelinda alisema. "Nilicheka naye. Hukuniona?"

"Nilikuona."

"Walipokuwa chini, Quirino, nilikuwa na la kumjibu anayeniuliza. Niliweza kusema bado hawajapanda, ndiyo maana. Usiku niliweza kujiambia hivyo nikalala." Aliishika jezi iliyokuwa karibu, akaikunja kunja bila kuitoa kwenye kamba. "Sasa wamepanda. Kila mtu aliona. Mimi ndiye niliyeomba. Nimeifunga ile njia yake kwa mkono wangu."

 Quirino akainuka, akaanza kumsaidia kutoa vibanio. Mikono yake ya ngoma ilikuwa mizito, akaviangusha vingi. Jezi zilikuwa bado na unyevu kwenye mishono, na nguo ikikunjwa na unyevu huoza. Hermelinda alijua hilo kuliko mtu yeyote, na alizikunja hivyohivyo, akazishindilia kwenye sanduku juu ya mabaki ya ile namba kumi na nne, akafunga kifuniko.

Quirino akashuka. Kamba ikabaki tupu, inacheza na upepo wa mto.

Hermelinda alikaa kwenye ile ndoo iliyogeuzwa. Chini, barabarani, likaja basi la jioni kutoka kaskazini. Dereva hakuangalia juu. Alifika kwenye kona akapiga honi mara mbili, kwa mazoea. Basi likapunguza mwendo, likasimama. Mlango ukafunguka, ukafungwa. Mtu alishuka, au hakushuka.

Hermelinda hakuinuka kwenda kutazama.